Kuandaa nywele kabla ya kwenda kuzipunguza saluni

Ukikaa asubuhi ya Jumamosi katika saluni yenye wateja wengi pale Wandegeya, mtaa wa Kampala, utawaona wateja wa aina mbili wakingoja zamu ya mkasi. Wa kwanza amekuja amejipamba: nywele zimelazwa kwa jeli, zile za pembezoni mwa paji la uso zimepigwa mswaki zikang'aa, na juu yake yote yamepakwa mafuta. Wa pili amekuja na rasta za muda mrefu, nusu amezifumua ndani ya teksi na nusu amezifunika kwa kitambaa. Wote wawili wanataka wapunguzwe vizuri, na wote wawili wamemficha msusi kile anachopaswa kukiona.

Kwa maoni yangu, ambayo dada zangu wamekwisha kuchoka kuyasikia, mtu haandai nywele za kukatwa ili apendeze mbele ya msusi. Anaziandaa ili zionekane jinsi zilivyo: zikiwa safi, zimechanuliwa hadi mwisho, hazina kitu juu yake, na ziko katika hali ileile ambayo mwenyewe huishi nayo siku nyingi za wiki. Mkasi hauwezi kusahihisha kile ambacho macho hayakukiona, na nywele zikishaanguka sakafuni hakuna mafuta ya kuzirudisha.

Nywele zetu za kipilipili zina tabia moja inayoifanya kazi ya kuzikata iwe ya peke yake, nayo ni kujikunja mpaka zikaficha urefu wake. Unywele wa namna hii, ukiutazama kwa hadubini mahali ulipokatwa, hauna umbo la duara kamili bali umebonyea kidogo, na tundu unamotokea ndani ya ngozi nalo limepinda, hivyo hukua ukijizungusha tangu mwanzo. Ndiyo maana fungu la nywele ambalo ukilivuta linafika begani huweza kupanda hadi sikioni mara unapoliachia. Kwa baadhi ya wanawake, nywele zikikauka zenyewe hupoteza zaidi ya nusu ya urefu wake wa kweli. Tena hazijikunji sawasawa kichwa kizima. Zangu za utosini ni ngumu na hurudi sana, ilhali za kisogoni ni laini na huonekana ndefu hata pale ambapo, zikivutwa, zinalingana na wenzake. Msusi akizisawazisha kwa macho tu wakati zimejikunja, kichwa kitapendeza kwa nje siku hiyo, lakini nikija kuzinyoosha kwa joto nitakuta upande mmoja umepunguzwa kupita kiasi. Ni vizuri pia kukumbuka kwamba inchi 1 iliyokatwa kwenye nywele zilizojikunja hivyo huweza kuwa inchi 2 za urefu wa kweli.

Maji nayo huongeza utata. Unywele umejengwa kwa protini iitwayo keratini, na baadhi ya viungo vinavyoushika katika umbo lake huachia unapolowa na kujifunga upya unapokauka. Nywele zilizolowa huvutika, hulala, na humpa mtu matumaini ya urefu ambao baada ya saa moja hataukuta. Shungi la mbele lililokatwa likiwa limelowa na kufika kwenye nyusi litapanda juu ya paji la uso likikauka. Kwa hiyo swali la kwanza ninalojiuliza kabla hata ya kuweka miadi ni hili: nywele hizi nitazivaaje baada ya kukatwa? Mwenye kuziacha zijikunje, akapenda umbo la duara kuzunguka kichwa, aende zikiwa kavu na zimejikunja kama zinavyojikunja kila siku, kwa sababu kinachokatwa ni umbo. Mwenye kuzinyoosha kwa mashine ya kukausha karibu kila wiki aende zimenyooshwa, au akubaliane na saluni wamnyooshee kwanza ndipo wakate. Anayetaka tu kuondoa ncha zilizopasuka, huku akisukwa mwaka mzima, naye namshauri anyooshe, maana ncha mbovu huonekana vizuri zaidi pale fungu linapovutwa na kushikwa dhidi ya mwanga.

Hapa Uganda kuna jambo linalowafanya wanawake wengi wasijue haya mapema. Katika shule zetu nyingi, msichana hunyolewa nywele fupi sana tangu shule ya msingi hadi anapomaliza sekondari, na nywele ndefu huanza kuzifuga akiwa ameshakuwa mtu mzima anayejitafutia chuo au kazi. Anajifunza kuchana, kuosha na kukata akiwa na miaka 18 au 19, mara nyingi kwa kuiga yale anayoyaona kwa wenzake wa bwenini, ambao nao ndio kwanza wanaanza. Sitaki kuingia katika ubishi wa kama kanuni hiyo ya shule ni nzuri au mbaya, ingawa maoni ninayo. Ninasema tu kwamba mwanamke wa Kampala asiyejua kuandaa nywele zake si mvivu. Hakuwa nazo za kujifunzia.

Kazi ndefu kuliko zote ni kufumua. Rasta hazifumuliwi siku ya miadi, wala usiku wa kuamkia siku hiyo ikiwa mtu anaweza kuepuka, kwa sababu nywele zinazotoka kwenye rasta zina mawimbi madogo yaliyojichora kwa kukaa zimesokotwa, na mawimbi hayo humdanganya anayekata kama vile maji yanavyomdanganya. Pia ngozi ya kichwa iliyovutwa kwa wiki kadhaa inahitaji kupumzika kabla ya kuvutwa tena na kitana na mashine ya kukausha. Mimi hupenda kuacha angalau wiki moja kati ya kufumua na kukata, na katika wiki hiyo hufunga mabutu makubwa yasiyobana.

Wakati wa kufumua, jambo la kuangaliwa ni kile kifundo kidogo cha rangi ya kijivu kinachokaa pale rasta inapoanzia, karibu na ngozi, ambapo nywele mpya zimeota. Ni mchanganyiko wa vumbi, mafuta, mba na nywele zilizokatika au zilizong'oka zenyewe lakini zikakosa pa kutokea. Kwa kawaida mtu hupoteza nywele 50 hadi 100 kwa siku, na hilo si ugonjwa. Ila aliyekaa na rasta kwa wiki 6 amezihifadhi zote humo ndani, na akizifumua anaweza kukuta nywele zaidi ya 2,000 zikitoka kwa pamoja, akapiga kelele kwamba msusi amemmaliza. Kifundo hicho lazima kifunguliwe kikiwa kikavu au kimelainishwa kwa mafuta kidogo au kondishena, kabla ya kichwa kuingia majini. Kikilowa kabla ya kufunguliwa hujikaza kikawa kama gamba, na hapo mara nyingi linalobaki ni kukikata, jambo linaloacha kijishimo ambacho msusi atalazimika kukifuata kwa kupunguza nywele za jirani zake. Ninakishika kwa vidole viwili upande wa ngozi ili kisivute mizizi, ninakitawanya kwa vidole vya mkono wa pili, kisha ninatumia mkia wa kitana kukipasua katikati, na mwisho kabisa ndipo ninapopitisha chanuo lenye meno mapana, nikianzia nchani na kupanda taratibu kuelekea kwenye mizizi. Kisogoni huwa namwomba mdogo wangu anisaidie, kwa kuwa mikono iliyochoka hukata nywele kwa haraka zaidi kuliko mkasi.

Baada ya hapo ni kuosha, na hapa wengi wetu tunajidhulumu kwa bei nafuu. Sabuni ya mche tunayofulia nguo hutoa uchafu, ni kweli, lakini ina ukali wa alkali ambao nywele hazikuumbiwa. Magamba madogo yanayoufunika unywele huinuka, nywele hukwaruzana, na mafundo uliyotumia jioni nzima kuyafungua hurudi. Shampuu ya kawaida inatosha. Kwa wanaotumia mafuta ya mti wa shea, yale yanayotoka kaskazini kwetu kwa Waacholi na Walango na huuzwa yakiwa laini kuliko ya Afrika Magharibi, shampuu ipitishwe mara mbili: ya kwanza huvunja mafuta na vumbi, ya pili ndiyo husafisha. Nayapenda sana mafuta hayo na sitayaacha, ila si rafiki wa siku ya kukatwa. Nywele zenye mafuta hushikana makundi makundi, mkasi hupita juu ya kundi badala ya kukata unywele mmoja mmoja, na meno ya mashine ya kunyolea huziba. Jeli nayo ni hivyohivyo, tena ina ubaya wa ziada wa kulaza nywele upande ambao si wake.

Kondishena ipakwe baada ya shampuu, na nywele zichanuliwe zikiwa bado nayo, kisha isuuzwe yote. Mimi huosha siku moja kabla ya miadi. Kuosha asubuhi ileile si kosa, ila nywele nzito huchukua muda mrefu kukauka, na katika miezi ya mvua, Machi hadi Mei na Septemba hadi Novemba, huweza kubaki na unyevunyevu ndani hadi jioni. Baada ya kuosha, nagawa kichwa mafungu manne, nasokota kila fungu bila kulikaza, nafunga kitambaa laini cha satini na kulala. Asubuhi ninayafungua na kuyapitishia vidole. Sipaki kitu kingine chochote, hata kama nywele zinaonekana zimepauka. Hali hiyo ya kupauka ndiyo inayomwonyesha msusi mahali ncha zilipoishiwa nguvu.

Wanaotumia dawa ya kunyoosha nywele wana kanuni yao. Dawa hiyo, iwe ya kopo lenye sodiamu haidroksidi au ile inayochanganywa yenye kalisiamu, hufanya kazi kwa kuvunja viungo vigumu vya ndani ya unywele, na ngozi iliyokunwa au kuoshwa kwa kusuguliwa siku hiyohiyo huungua. Kwa hiyo kama siku moja utawekewa dawa na pia kukatwa, kichwa kisioshwe wala kukunwa kwa siku chache kabla, na mkasi uje baada ya dawa kusuuzwa vizuri. Kama umeacha dawa na unazifuga za asili, mwambie msusi dawa ya mwisho uliweka lini, maana pale nywele mpya zinapokutana na zile za dawa ndipo zinapokatikia, na huenda akashauri kukata hapo badala ya kunyemelea ncha kwa miezi mingi. Nimeona wanawake wakiogopa kukata sehemu hiyo kwa sababu ni ndefu, ilhali imekonda kiasi kwamba huoni ila utando. Urefu wa namna hiyo sioni faida yake.

Hina pia isifichwe. Sisi tunaopaka hina na piko kwa ajili ya harusi, na wale wanaofunika mvi kwa kanta, tuna desturi ya kumwambia msusi kwamba nywele ni za asili tu, hazina dawa. Kwa kukatwa peke yake haidhuru sana, lakini watu wengi hupakwa rangi siku hiyohiyo, na rangi mpya juu ya hina au juu ya kanta huweza kutoa matokeo asiyoyatarajia mtu. Kanta na piko nyingi zina kemikali inayosababisha mzio mkali kwa baadhi ya watu, uvimbe wa macho na malengelenge, kwa hiyo anayetaka rangi apakwe tone moja nyuma ya sikio saa 48 kabla, aone.

Ngozi ya kichwa iangaliwe siku ya kuosha, kwa mwanga wa dirishani na kioo cha pili. Mba wa kawaida hauzuii kukatwa. Mapunye, yale mabaka ya mviringo yenye magamba ambapo nywele zimekatika karibu na ngozi, yanazuia, kwa sababu ni ugonjwa wa ukungu unaosafiri kwa mashine, kitana na taulo. Watoto ndio huupata zaidi, na dawa ya kupaka pekee huwa haitoshi, hivyo mtoto apelekwe kwanza kwenye kituo cha afya. Kwa wanaume na watoto wa shule wanaonyolewa kwa mashine, maandalizi ni mafupi: kichwa kioshwe, kikauke, kisipakwe mafuta, na mzazi asione haya kumwomba kinyozi asafishe mashine kwa spiriti mbele yake.

Kuhusu siku ya miadi, nina machache. Wiki ya kufungua shule saluni hujaa watoto wanaonyolewa rasta za likizo, na siku zinazotangulia Idi na Krismasi hujaa sote. Kazi ya mkasi inayohitaji utulivu isiwekwe hapo. Asubuhi ni bora, kwa kuwa mchana mvua huja na umeme huondoka, na msusi aliyekunyoosha nusu ya kichwa hawezi kuendelea bila moto. Nikipanda boda, navaa kitambaa chepesi chini ya kofia ngumu, hasa ile ya abiria ambayo imekwisha kuvaliwa na wengi. Tunaovaa hijabu tuulize kabla kama saluni ina chumba chenye pazia au ni ya wanawake watupu, na siku hiyo mtandio usifungwe kwa kubana, kwa sababu alama ya fundo kisogoni hukaa kwenye nywele zilizonyooshwa kwa saa kadhaa.

Kiasi cha kukata ndicho kinacholeta ugomvi mwingi. Nywele hukua kwa wastani wa sentimita 1 hivi kwa mwezi, na za kipilipili hukua polepole kidogo kuliko hapo. Anayekatwa inchi 1, yaani sentimita 2.5, kila miezi miwili, hatauona urefu hata kama anakula vizuri na kulala kwenye satini. Ninapokuwa nyumbani, nikiwa nimenyoosha fungu moja, natazama ncha: zilizogawanyika mara mbili, zilizo na vifundo vidogo ambavyo kidole kinavikwaa kama chembe za mchanga, na pale fungu linapoanza kukonda. Hapo ndipo napajua mwenyewe kabla ya kuulizwa, na hufunga uzi wa rangi kwenye fungu hilo ili nisibabaike mbele ya kioo.

Msusi wangu anatoka Kongo, na Kiswahili chake na changu vinapishana hapa na pale bila kutuletea shida, lakini neno "kidogo" tumekubaliana kutolitumia. Huniuliza, "Mama, nikate mpaka wapi?" nami humwonyesha uzi, halafu humwambia, "Dada, anza na fungu hili moja la kisogoni, ulikate, uniletee kioo." Analikata, analiachia lijikunje, tunalitazama likiwa limejikunja na likiwa limevutwa. Likinipendeza, anaendelea na kichwa kizima kwa kipimo hicho. Lisiponipendeza, tunazungumza upya huku nywele nyingine zote zikiwa bado hazijaguswa.